Sufiani, Mdomo wa Picha Bubu

Mdogo wangu Sufiani hanyamazi. Akila anaongea, akinawa anaongea, na mke wake Mwanvita anaapa kwamba hata usingizini anatangaza. Mimi ndiye dada yake, Mwaisha, ninayeuza iliki na mdalasini hapa Kinole, na kama kuna mtu mwenye haki ya kumsema basi ni mimi niliyembeba mgongoni huku akinipigia kelele sikioni. Kwa hiyo msidhani namchukia. Nampenda sana, ila mdomo wake umenipa aibu nyingi mbele za watu.

Mdomo huohuo ndio uliomlisha. Alipomaliza darasa la saba, baba alimpa kazi ya kushusha mananasi na machungwa mpaka Msamvu, kwenye stendi ya mabasi ya Morogoro. Asubuhi anauza, mchana haonekani. Kumbe alikuwa anajichimbia kwenye kibanda umiza, vile vibanda vya mabati vya kuonyeshea video, ambavyo ukitoka humo ni jasho na shingo inauma. Enzi hizo kila kibanda kilikuwa na DJ wake, mtu wa kutafsiri filamu kwa maiki huku picha inaendelea. Siku moja DJ akaugua, watu wamejaa, picha ya Kichina imeshaanza, na Sufiani akainuka akashika maiki.

Kichina hakijui mpaka leo. Lakini yule mzee wa kwenye filamu, mwenye ndevu ndefu na upanga, Sufiani alimpa jina la Mzee Mkude, akamfanya mjomba bahili anayemnyima mpwa wake shamba la migomba. Sasa Mluguru umletee habari ya mjomba na mpwa na shamba, halafu asisikilize? Kwetu shamba linapita upande wa mama, na kila mtu ana mjomba anayemnunia. Watu walicheka wakapiga mabati kwa ngumi. Yule DJ alipopona na kurudi kazini, akakuta kiti chake kina mwenyewe.

Basi akawa DJ Sufi. Alitafsiri Wachina, Wahindi, Wakorea na Wamarekani, na wote akawafanya Waluguru. Msimu wa mavuno ya mpunga alikuwa anabeba televisheni na jenereta kwenda Dakawa kuwaonyesha wavunaji, na huko ndiko alikompata Mwanvita. Mwanvita alisimama katikati ya filamu akasema, "Kaka, unatudanganya, huyo mwanamke hajasema hivyo." Sufiani akamjibu kwenye maiki, "Hajasema, lakini ndivyo anavyowaza." Wakaoana kabla mpunga haujaisha mashambani.

Halafu simu zikaingia, kila mtu akawa na sinema yake mfukoni, na kibanda kikafa. Sufiani akarudi Kinole na pikipiki, akafunga spika mbili nyuma, akawa mtangazaji wa kijiji: mikutano, mbuzi waliopotea, chanjo. Hata hapo hakutulia. Siku ya chanjo aliifanya sindano iongee yenyewe kwa sauti nzito, ikiwaita watoto kwa majina, na watoto wote wakakimbilia migombani. Mwenyekiti wa kijiji akamwita ofisini. "Sufiani," akamwambia, "taja siku, taja mahali, basi." Akakubali, na wiki iliyofuata akasahau.

Huyo ndiye mtu aliyepigiwa simu na Yasmin.

Yasmin ni binti wa Dar es Salaam, kazi yake kutafuta filamu za zamani na kuzitunza. Alituambia kwamba huko Ulaya, ndugu wa padri mmoja aliyewahi kuishi milimani kwetu walikuta mikanda ndani ya sanduku, na mmoja uliandikwa Kinole. Ulipigwa miaka ya thelathini, kabla ya vita vya Hitla. Kamera ya padri ilikuwa inashika picha tu, sauti haishiki. Yasmin alipita Msamvu akauliza ni nani wa Kinole anayejua mambo ya filamu, wakamwambia yupo mmoja, ila ujiandae kusikiliza. Ndipo akampigia, kisha akamtumia nakala kwenye simu.

Sufiani alikuja mbio kwenye meza yangu akamwaga iliki. "Dada, tazama! Wazee wetu hawa!"

Nikatazama. Wanawake wanatwanga. Watoto wanaikimbilia kamera, wakifika karibu wanageuka na kukimbia. Mlima ni uleule, misitu ndiyo imeshuka chini zaidi kuliko leo. Kisha wakaonekana wanaume wamejipanga mstari, kila mmoja na filimbi ya mwanzi mdomoni, nikajua ni mbeta. Kwenye mbeta, kama wanavyoipiga hapa kwetu, kila mtu ana filimbi yake yenye sauti moja tu, huyu nyembamba, yule nene, na wimbo unatokea kwa kupokezana: unapuliza, unaacha, mwenzio anadaka. Mtu mmoja peke yake hawezi kuutoa hata awe fundi wa namna gani. Na wale kwenye simu ya Sufiani walikuwa wanapuliza, mashavu yamevimba, miguu inakanyaga, na sisi hatusikii kitu.

"Hawasemi," nikasema.

"Watasema," akajibu Sufiani. Hapo ndipo nilipoanza kuogopa.

Habari haikukaa. Jioni ileile akashuka Bibi Felista na fimbo yake. Yeye anakaa juu, karibu na kigango cha Wakatoliki, na hakuna aliyebaki hapa kijijini anayemzidi umri. Tukamwamkia, shikamoo Bibi, akaitikia marahaba, akakaa juu ya gunia langu la mdalasini bila kuuliza.

"Nasikia mbeta ya zamani imepatikana," akasema. "Baba yangu yumo."

Baba yake aliitwa Gabrieli. Alitoka ng'ambo ya mlima, upande wa Mgeta, akaja kuoa hapa Kinole, na hapa ndipo alipokuwa akipuliza na wenzake. Vita vilipokuja akaandikishwa keya, jeshi la Waingereza, wakampeleka kupigana Bama, huko Asia, hakurudi. Felista alikuwa bado anatambaa. Hakuna aliyeleta habari, hakuna kaburi, hakuna mwenzake aliyekuja kusema nilimwona akianguka. Mama yake Gabrieli akatuma neno kutoka Mgeta: mtoto wangu asililiwe. Mtu ambaye hakuna aliyemwona amekufa, ukimlilia unamwitia kifo. Mama huyo akafa na katazo lake, mke wa Gabrieli akafa bila kutoa chozi, na katazo likabaki kwa Felista.

"Nimezika mume, nimezika watoto," alituambia. "Wote nimewalilia mpaka sauti ikakauka. Baba yangu sijamlilia. Sura yake sina, sauti yake sina, nimlilie nani? Nataka nimwone na nimsikie, kisha nimlilie. Basi."

Sufiani akamnyooshea simu. Bibi akaisukuma kwa mkono.

"Baba yangu nimtazame kiganjani? Na macho haya? Halafu msiba haupokelewi na mtu mmoja. Tafuteni kitambaa kikubwa, iteni watu."

"Sawa Bibi, lakini tutamjuaje? Wamejipanga wengi."

"Mama yangu alinipa alama yake."

"Alama gani?"

"Ni yangu," akasema Bibi. Akainuka, akachukua kijiti cha mdalasini kwenye gunia langu, akaondoka nacho.

Basi kazi ikawa moja tu, kuipa picha sauti ili Bibi Felista amsikie baba yake. Na kwa kuwa kazi yenyewe ilikuwa ya kuwasemea watu wasiosikika, Sufiani aliona ameitwa na Mungu mwenyewe.

Kikundi cha mbeta bado tunacho, na mkubwa wao ni Mzee Bartholomeo, mpulizaji wa filimbi nene kuliko zote. Ni mzee wa nidhamu. Akikwambia saa kumi, saa kumi kasoro ameshanuna. Sufiani akawakusanya kwenye ghala la ndizi, akaegemeza ukutani simu moja yenye picha, akaweka nyingine ya kurekodia juu ya debe, akasema, "Fuateni miguu yao."

Hapo ndipo tulipojua kwamba wazee wetu walikuwa moto. Kwenye picha walikuwa wanakanyaga mbiombio, wanarukaruka, vichwa vinatingishika, utadhani wamesimama juu ya siafu. Wapulizaji wetu wakajaribu kuwafuata. Duru ya kwanza wakapoteana, duru ya pili mmoja akakaa chini akisema anaona giza. Sufiani anawafokea, "Kazeni! Babu zenu wanawashinda na wamekufa!" Kijiji kizima kikakubaliana kwamba watu wa zamani walikuwa na nguvu kwa sababu ya dona na mboga za porini, sisi tumeharibiwa na sembe na mafuta ya chupa. Mzee Bartholomeo akawapiga marufuku watu wake kula sembe. Wiki nzima wanakula dona na kupuliza mbio, na watoto wa shule wakaanza kucheza hiyo mbeta ya siafu njiani.

Yasmin alipofika kutoka Dar na kompyuta yake, tukamwonyesha kwa majivuno jinsi wazee wetu wa leo wanavyokaribia kuwafikia wa jana. Akatazama, akaziba mdomo kwa mtandio.

"Kaka Sufi," akasema, "hii picha inakimbia."

Akatueleza taratibu. Kamera za zamani zilikuwa zinapiga picha chache kwa kila sekunde, na mashine za leo zinazipitisha haraka kuliko zilivyopigwa, ndiyo maana watu wa kwenye filamu za kale wanarukaruka. Ile aliyoituma kwenye simu ilikuwa bado hajairekebisha. Akabonyeza mahali kwenye kompyuta, na wazee wetu wakatulia. Wakaanza kukanyaga kwa mwendo wa mtu mwenye mwili wake, mguu unainuka, unatua, bega linafuata.

Mzee Bartholomeo aliisogelea kompyuta. "Kumbe ni sisi," akasema. Halafu akamgeukia Sufiani. "Na wewe wiki nzima umetukimbiza kama wezi." Siku hiyohiyo watu wake wakarudi kwenye sembe.

Baada ya hapo mambo yakaenda vizuri. Wakapuliza, simu ikarekodi, Yasmin akaweka sauti chini ya picha, na kwa mara ya kwanza wale wazee wakasikika. Lakini palikuwa na mahali pamoja, kila duru ikifika hapo, picha na sauti vinagombana. Sauti inasema puu, na kwenye picha hakuna aliyepuliza. Yasmin akarudisha nyuma, akatazama, akarudisha tena, mpaka tukamwona mhusika.

Alikuwa mwisho wa mstari, mwenye filimbi nene. Zamu yake inafika, yeye anashangaa. Anatazama watu wanaopita, anaitazama kamera ya padri, mdomo wazi, filimbi iko kifuani. Jirani yake anampiga kiwiko cha mbavu. Anashtuka, anaiinua filimbi, anapuliza, wenzake wameshafika mbele. Duru inayofuata, vilevile. Kila duru kiwiko, na kila duru yeye anashtuka upya kana kwamba hajawahi kupigwa. Sufiani alicheka mpaka akalala sakafuni juu ya maganda ya ndizi, na akambatiza palepale: Mzee Chelewa.

Yasmin akasema sauti lazima ifuate picha. Maana yake Mzee Bartholomeo, mwenye filimbi nene, inabidi achelewe. Akakataa katakata.

"Napuliza tangu ujana wangu, sijawahi kuchelewa. Leo narekodiwa ndiyo nichelewe? Wajukuu zangu wakisikia?"

Wakambembeleza, hataki. Mwisho nikaingilia mimi. "Mzee wangu, huchelewi wewe, anachelewa yeye. Wewe unamwazima pumzi tu."

Akafikiri, akakubali huku amevimba. Lakini kila akimaliza kupuliza kwa kuchelewa alikuwa anaisogelea simu na kusema, "Siyo mimi." Yasmin alipata kazi ya kuziondoa hizo siyo mimi moja baada ya nyingine.

Siku ya onyesho ikafika. Kwenye uwanja wa mpira tukatundika shuka mbili za Mwanvita zilizoshonwa pamoja, tukatandika mikeka, na baada ya swala ya magharibi watu wakajaa, wa msikitini na wa kigangoni. Bibi Felista aliletewa kiti akakikataa. Akakaa mkekani mbele kabisa, miguu ameinyoosha, khanga kichwani. Nikakaa pembeni yake.

Yasmin alikuwa amempa Sufiani maneno ya heshima ya kusema, naye amevaa koti la harusi yake, halifungiki. Nilimvuta kando kabla hajaanza. "Sufiani, leo ni baba za watu. Usijitie kimbelembele."

"Dada, unanijua."

"Ndiyo maana nasema."

Alianza vizuri, haki ya Mungu. Wanawake wakaonekana wakitwanga, na Sufiani akaongea kwa sauti ya taarifa ya habari: hawa ni bibi zetu, huu ni mlima wetu, jambo hili lilifanyika wakati fulani. Heshima tupu. Na heshima tupu, jamani, inachosha. Vijana wa nyuma wakaanza kuwasha simu zao, wengine wanapiga miayo, kikundi kimoja kikainuka kinaondoka. Nikaiona shingo ya mdogo wangu ikigeuka kuwatazama wanaoondoka. Naijua hiyo shingo. Mtu aliyezoea kibanda kilichojaa hawezi kuona watu wanatoka akaendelea na taarifa ya habari.

Mbeta ikaanza. Picha na sauti vimeshikana, uwanja ukatulia kidogo. Duru ya kwanza ikafika mwisho wa mstari, pengo, kiwiko, puu. Mtu mmoja akacheka. Basi, ikawa imeisha.

"Chelewa! Zamu yako!" Sufiani akaguta kwenye maiki kwa sauti ya jirani mwenye kiwiko. Kisha kwa sauti nzito ya usingizi, "Zamu gani tena? Si nilipuliza mwaka jana?" Uwanja ukalipuka. "Ngojeni bwana, namwangalia padri, kashika nini kile, kinu?" Kiwiko kingine. "Aa, sawa, sawa, pumzi inakuja, imepita kwanza kwa mjomba kusalimia." Wale waliokuwa wanaondoka wakarudi wanakimbia. "Jamani huyu hata harusi yake alifika bibi harusi ameshalala! Huyu siku ya kiyama tutahukumiwa wote, tutagawanywa, ndiyo anauliza mkutano ni saa ngapi!" Watu wanajipiga mapaja, mama mmoja anafuta machozi kwa kilemba. Na mimi nilicheka, Mungu anisamehe, nilicheka mpaka nikamwegemea Bibi Felista.

Bibi alikuwa hachezi wala hacheki. Akagonga fimbo chini.

"Simamisha."

Yasmin akasimamisha. Picha ikabaki hapohapo kwenye shuka, Mzee Chelewa mdomo wazi, kiwiko cha jirani mbavuni.

"Mama yangu aliniambia," Bibi akasema, na hakupaza sauti ila alisikika mpaka nyuma, "baba yako hakuwahi kupuliza kwa wakati hata siku moja. Alikuwa anashangaa watu. Mpaka apigwe kiwiko. Hiyo ndiyo alama niliyopewa. Huyo ndiye Gabrieli. Huyo ndiye baba yangu."

Nilitamani ardhi ipasuke inimeze na huyu mdogo wangu nimvute twende naye. Sufiani aliiweka maiki chini, ikapiga mlio, akaja akapiga magoti mkekani mbele ya Bibi, koti limempanda mabegani.

"Bibi yangu, nisamehe. Sikujua. Wallahi sikujua."

Bibi akamtazama. Akauliza, "Mama yenu ni lukolo gani?"

Ndivyo tunavyouliza ukoo, na ukoo kwetu ni wa mama. Nikajibu mimi, nikautaja ukoo wetu, maana mama yetu naye aliolewa akaja hapa na ukoo wa kwao. Bibi akaitikia kwa kichwa taratibu, akautaja ukoo wa baba yake, ule aliokuja nao kutoka Mgeta, ambao hapa Kinole hakuna aliyekuwa na sababu ya kuuliza miaka yote hii. Ukoo ule na wetu ni watani tangu mababu.

Mnajua mtani msibani ana kazi gani. Wengine wakilia, yeye anavaa koti la marehemu, anatembea kama yeye, anakoroma kama yeye, anamtangaza ubahili wake na uvivu wake mbele ya watoto wake, na hakuna wa kukasirika. Akishasemwa ndiyo kaagwa. Mtu aliyezikwa bila mtani, kwetu sisi, amefukiwa tu.

"Kule Bama, kama walimzika, walimzika wageni," Bibi akasema. "Hakuna aliyemsema. Nimewangoja watani wa baba yangu mpaka nimezeeka, kumbe wako Msamvu wanatafsiri Wachina." Akamgusa Sufiani begani kwa ncha ya fimbo. "Inuka. Ulikuwa hujamaliza. Mseme baba yangu."

Sufiani akainuka, akarudi kwenye maiki. Yasmin akaiachia picha. Mbeta ikaanza tena, duru ikaja, pengo, kiwiko, puu.

"Gabrieli," akasema, "wewe ni mtu gani? Umekwenda vitani na wenzako. Wenzako wamerudi, wamelima, wamezeeka, wamekufa. Wewe uko njiani. Mtoto umemwacha anatambaa, umekuja leo ana fimbo! Unashangaa nini huko?" Watu wakaanza kucheka, kicheko kikiwa na kitu ndani yake. Kiwiko kikampata Gabrieli mbavuni, akashtuka. "Kule Bama hukuwa na wa kukupiga kiwiko? Eti, Gabrieli? Hakukuwepo hata mmoja wa kukwambia zamu yako ya kurudi nyumbani imefika?"

Machozi yalikuwa yanamtoka mdogo wangu mpaka kwenye koti, na anaendelea kumsema. Alimsema tumbo lake, miguu yake, mashavu yake. Na Bibi Felista akacheka. Alicheka kwa nguvu, mabega yanaruka, akapiga mkono mkekani, "Ndiye huyo! Ndiye huyo!" Kicheko kikapanda, kikapanda, kisha kikageuka, akaweka mikono miwili kichwani akalia, "Baba! Baba yangu wee!" Wanawake wote wakampokea kilio, wa khanga na wa rozari, na mimi katikati yao. Kila duru ilipofika kwenye pengo alikuwa ananyamaza, anasubiri. Filimbi ikilia puu, anaitika, "Baba."

Picha ikaisha, shuka zikabaki nyeupe. Yasmin, naye macho mekundu, akaja akainama. "Bibi, nirudishe uone tena?"

Bibi alijifuta uso kwa ncha ya khanga, pole pole, upande mmoja kisha mwingine.

"Hapana, mwanangu. Baba yangu amekufa." Akanishika mkono, akasimama, akawageukia watu. "Haya. Anueni tanga."

Tukasimama uwanja mzima, wazee kwa watoto, tukaanza kukunja mikeka.